Mizani ya Chama cha Pamba

Siku ya soko la pamba katika Cabo Delgado, kaskazini ya Msumbiji, miaka ya 1940 na 1950 haikuwa siku ya furaha. Wakulima walifika alfajiri na magunia vichwani, wengine wakiwa wametembea tangu jana yake, wakajipanga mbele ya mizani ya kampuni. Karani alitia mkono guniani, akatoa tonge la pamba, akalitazama, akasema kama ni daraja la kwanza au la pili. Gunia likapandishwa, uzito ukatajwa kwa Kireno, na bei ikawa ile iliyokwisha kupangwa na serikali. Mkulima hakuwa na wa kumuuliza kama uzito ule ni wa kweli. Mara nyingi karibu na meza ya malipo aliketi mtoza kodi, kwa hiyo fedha ilitoka mkono huu ikaingia mkono ule kabla mwenyewe hajaifunga kwenye upindo wa shuka lake.

Naanza na mizani hiyo kwa sababu kisa chote hiki kinaizunguka. Mwaka 1957 wakulima wa uwanda wa Mueda waliipata mizani mikononi mwao. Miaka kumi na kidogo baadaye, porini, katika nchi waliyokuwa wameikomboa kwa damu yao, mizani ilikuwa imewageukia tena, na safari hii aliyesimama nyuma yake alikuwa mwenzao. Nawasimulia hasa ninyi vijana wa Palma, Mocímboa da Praia na vijiji vya ufukweni mnaosubiri kazi za gesi, kwa kuwa nanyi mtaambiwa mjiunge, mtoe ada, mwandikishe majina, muwaamini viongozi.

Kwanza tujue watu wale walikuwa wanakimbia nini.

Mwaka 1899 Ureno ilitunga sheria iliyosema kwamba wenyeji wote wa makoloni yake wana wajibu, wa kimaadili na wa kisheria, wa kufanya kazi. Na asiyeonekana kuutimiza, serikali itamlazimisha. Utumwa ulikuwa umefutwa katika karatasi miaka ya 1870. Sheria hii ikaleta mlango mwingine wa kuingilia nyumba ileile. Wakati huo pwani ya kaskazini, kutoka mto Ruvuma hadi mto Lúrio, pamoja na bara lake hadi ziwa Nyasa, haikutawaliwa moja kwa moja na serikali. Tangu 1891 ilikuwa imekabidhiwa Kampuni ya Nyassa, iliyokuwa na makao yake kisiwani Ibo na baadaye Porto Amélia, mji tunaouita Pemba leo. Kampuni haikuwa na mtaji wa kutosha kujenga reli wala kufungua mashamba makubwa. Ilichokuwa nacho ni watu, ikawatumia watu hao kama bidhaa. Ilitoza kodi ya kibanda, na asiyekuwa na fedha ya kodi alilipa kwa mwili wake. Iliruhusu mawakala wa migodi ya dhahabu ya Afrika Kusini kuchukua vijana wa huku kuwapeleka Transvaal, mpaka mwaka 1913 serikali ya Afrika Kusini yenyewe ilipozuia kuandikishwa watu wa kaskazini ya latitudo 22, kwa sababu walikuwa wanakufa mno kwa nimonia.

Mkataba wa kampuni ulikwisha mwaka 1929, serikali ikachukua nchi mkononi mwake, lakini kazi ya kulazimishwa, iliyojulikana Msumbiji kwa jina la chibalo, ilibaki. Sipai, askari wa serikali, alikuja kijijini na orodha. Ukipelekwa shamba la mkonge au barabarani, ulikaa miezi, ujira ukikatwa kodi. Aliyekataa alikutana na palmatória, kibao chenye matundu kilichopigwa viganjani mpaka mikono ikavimba. Mwaka 1938 ikaongezwa pamba. Serikali ikaunda bodi ya pamba, nchi ikagawanywa kwa makampuni yenye ukiritimba wa kununua (Cabo Delgado ilikuwa chini ya kampuni iliyoitwa SAGAL), na kila kaya ikapangiwa kipande cha kulima, pamba ikila siku za kupalilia mtama na muhogo. Katika sehemu nyingi za Msumbiji wakulima walichemsha mbegu kwa siri kabla ya kuzipanda, ili zisiote na wazungu waamini kwamba udongo haufai. Wengine walitia mawe na mchanga katikati ya gunia. Sitawalaumu. Aliyepunjwa kwenye mizani kila mwaka hutafuta pa kurudishia.

Hapa kuna jambo la uchumi ambalo nataka tulitazame kwa makini, maana hata leo wengi hulikosea. Tunaambiwa ujira huwa mdogo pale watu wanapokuwa wengi kuliko kazi. Pwani ya kaskazini haikuwa hivyo. Watu walikuwa wachache, na ng'ambo ya Ruvuma mashamba ya mkonge ya Lindi, Mikindani na Tanga yalikuwa yanalilia mikono. Kwa kawaida mwenye shamba wa Mocímboa da Praia angelazimika kulipa angalau kama mwenzake wa Lindi, la sivyo angebaki peke yake na mkonge wake. Lakini hakulazimika, kwa sababu serikali ilimletea wafanyakazi. Sheria ilifanya kazi ambayo ujira ulipaswa kuifanya. Mtu akikuambia kwamba mshahara wa mahali fulani ni mdogo kwa sababu soko limeamua hivyo, muulize kwanza nani amelifunga soko hilo.

Wamakonde wengi wa uwanda wa Mueda walijibu kwa miguu. Walivuka mto usiku, wakaenda kuandikishwa manamba Tanganyika, ambako wenyeji waliwaita Wamawia. Huko nako hakukuwa peponi. Kazi ilihesabiwa kwa kipande, kadi ya siku 30. Siku usiyomaliza kiasi ulichopangiwa haikuhesabiwa, na mshahara ulilipwa kadi ikijaa. Lakini kulikuwa na tofauti moja kubwa: mkataba ukiisha, ulikuwa na haki ya kuondoka. Na kwenye makambi ya mkonge na bandarini walisikia maneno mapya. Mwaka 1955 liliundwa Shirikisho la Wafanyakazi la Tanganyika, likiongozwa na katibu wake mkuu, Rashidi Kawawa. Walisikia habari za migomo. Walisikia kwamba kuna wakulima weusi wanaouza mazao yao kwa chama chao wenyewe, kwa mizani yao wenyewe. Kwao Msumbiji jambo hilo lilikuwa kama ndoto, kwani chini ya Salazar, mtawala wa Ureno, vyama vya wafanyakazi vilikuwa mali ya serikali, na yule aliyehesabiwa kuwa mwenyeji hakuwa na nafasi ndani yake.

Ndipo ukaja mwaka 1957. Lazaro Nkavandame, Mmakonde aliyekuwa amekaa Tanganyika, akishirikiana na wenzake, alianzisha chama cha wakulima wa pamba. Waliliandikisha jina refu la Kireno: Sociedade Algodoeira Africana Voluntária de Moçambique. Litazameni neno la nne, voluntária. Ni chama cha hiari. Katika nchi ambamo pamba ililimwa kwa kibao cha viganjani, watu hawa walijitokeza mbele ya serikali wakasema: tutalima pamba, tena nyingi, lakini kwa hiari yetu na kwa pamoja. Ilikuwa akili kubwa. Serikali ilikuwa inataka pamba, basi wakaitumia tamaa yake. Wanachama wakapata walichokitafuta zaidi ya fedha: waliokuwa ndani ya chama hawakuchukuliwa chibalo. Hebu fikirini maana yake kwa mama aliyezoea kumwona mumewe akipotea kwa miezi sita. Watu wakamiminika.

Kilichowatia hofu Wareno hakikuwa pamba. Walihofu kwamba watu walikuwa wanakutana, wanachagua viongozi, wanasema neno "sisi". Wakaanza kukibana chama na kuwafuatilia viongozi wake. Wakati huohuo Wamakonde waliokuwa Tanganyika walikuwa wanadai ruhusa ya kurudi kwao kuishi huru. Tarehe 16 Juni 1960 umati ulikusanyika Mueda mbele ya ofisi ya serikali, kusikia gavana angewajibu nini. Wajumbe wao, Faustino Vanomba na Kibiriti Diwane, wakakamatwa. Umati ulipojaribu kuzuia wasichukuliwe, askari wakafyatua risasi. FRELIMO, chama cha ukombozi kilichoundwa baadaye, imehesabu zaidi ya watu 500 waliouawa. Wapo watafiti wanaotaja idadi ndogo zaidi. Hata wangekuwa ishirini, ujumbe uliofika kila kijiji ulikuwa mmoja, kwamba kwa maneno mazuri mlango hautafunguliwa.

Dunia nayo ilianza kutazama. Mwaka 1961 Ghana iliishitaki Ureno mbele ya Shirika la Kazi la Kimataifa kwa kuvunja mkataba wa kukomesha kazi ya kulazimishwa, mkataba ambao Ureno yenyewe ilikuwa imeuridhia mwaka 1959. Mwaka huohuo pamba ya lazima ikafutwa katika sheria. Lakini vijana wa Mueda walikuwa wamekwisha kuvuka mto. FRELIMO ikaundwa Dar es Salaam Juni 1962, na tarehe 25 Septemba 1964 risasi za kwanza za vita vya ukombozi zikapigwa Chai, hapa hapa Cabo Delgado.

Sasa nafika penye uchungu wa kisa.

Vita vilipopamba moto, Wareno walipoteza sehemu kubwa ya uwanda, na maduka ya Wahindi na Wareno yakafungwa. Watu wa maeneo yaliyokombolewa walikuwa na ardhi na walikuwa na nguvu, lakini hawakuwa na chumvi. Hawakuwa na nguo, sabuni, jembe wala kiberiti. Ikabidi wabebe mazao kichwani, karanga, ufuta, korosho, nta, hata vinyago, wayavushe Ruvuma hadi Tanzania, na huko yabadilishwe kwa bidhaa. Biashara hii iliwekwa chini ya FRELIMO, na mkuu wake katika Cabo Delgado alikuwa mtu aliyeonekana kuistahili kuliko wote: Lazaro Nkavandame, mwanzilishi wa chama cha pamba, sasa katibu wa mkoa. Chini yake walikuwa wenyeviti wa wilaya na matawi. Nani angewatilia shaka? Walikuwa ndio waliowatoa watu kwenye chibalo.

Malalamiko yalianza kwa sauti ndogo. Mwanamke aliyebeba karanga siku tatu alirudi na chumvi isiyojaa kibaba. Nguo iliyonunuliwa Mtwara kwa bei fulani iliuzwa porini kwa bei nyingine kabisa. Faida ya katikati haikuonekana kwenye shule wala kwenye zahanati. FRELIMO baadaye ilimshitaki Nkavandame na wenyeviti wake kwamba walijitajirisha kwa jasho la wakulima, wakawanunulia mazao kwa bei ya chini na kuwauzia bidhaa kwa bei ya juu, kama ilivyokuwa kwa kampuni.

Haki inanidai niseme na upande wa pili. Nkavandame na waliomfuata walikuwa na dai lao: kwamba uongozi wa juu umeshikwa na watu wa kusini, wakati wanaokufa vitani ni Wamakonde. Lilikuwa dai lenye watu wengi nyuma yake, na wanaolipuuza hata leo hawaijui Cabo Delgado. Lakini hebu tuulizane. Dai hilo lilijibu swali la chumvi? Mama yule wa karanga alimwuliza kiongozi wake kuhusu kibaba, naye akajibiwa kuhusu watu wa kusini. Nimewasikia viongozi wengi wa vyama katika maisha yangu, na nimeiona njia hii mara nyingi: hesabu ikiulizwa, huletwa kabila. Mtu anayetetea watu wake kweli huweka daftari mezani kwanza, kisha hutetea.

Yaliyofuata yalikuwa ya haraka na ya kusikitisha. Julai 1968 Nkavandame alisusia mkutano mkuu wa pili wa FRELIMO uliofanyika Matchedje, mkoani Niassa. Desemba mwaka huo kamanda Paulo Samuel Kankhomba aliuawa mpakani, na kidole kikaelekezwa kwa wafuasi wa Nkavandame. Januari 1969 akaondolewa madarakani. Tarehe 3 Februari Eduardo Mondlane, rais wa FRELIMO, akauawa kwa bomu Dar es Salaam. Mwaka huohuo Nkavandame alivuka akajisalimisha kwa Wareno, nao wakamtumia kuwaita Wamakonde waweke silaha chini. Wachache mno walimfuata. Mtu aliyewatoa watu kwenye mizani ya kampuni aliishia kusimama upande wa wenye kampuni.

Tukisema tu kwamba alikuwa mtu mbaya, tutakuwa tumejipatia usingizi mtamu bila kujifunza chochote. Sidhani alianzisha chama mwaka 1957 akiwa na nia ya kuiba. Angekuwa mwizi tangu mwanzo, kulikuwa na njia rahisi zaidi za kuiba kuliko kusimama mbele ya msimamizi wa Kireno. Ninachokiona ni hiki. Wakati wa pamba, Nkavandame alikuwa na macho mawili juu yake: jicho la mkoloni aliyetaka kumkamata, na jicho la wanachama walioweza kurudi kulima peke yao kama chama hakiwalipi. Porini jicho la mkoloni lilikuwa halipo. Na wakulima hawakuwa na pengine pa kuuza. Njia ya kwenda kwenye chumvi ilikuwa moja, na yeye ndiye aliyeishika. Ukiritimba humlevya anayeushika, awe Mreno au Mmakonde. Kampuni ya pamba iliupata kwa sheria, wenyeviti waliupata kwa vita. Kwenye gunia la karanga matokeo yalikuwa yaleyale. Kikulacho ki nguoni mwako, walisema wazee, na nguo yenyewe ilikuwa ile tuliyoishona kwa mikono yetu.

Ugonjwa huu haukuwa wa Mueda peke yake. Ng'ambo ya Ruvuma, baada ya maasi ya askari Januari 1964, serikali ililivunja lile shirikisho la 1955, ikaunda chama kimoja cha wafanyakazi kilichoitwa NUTA. Katibu mkuu wake, Michael Kamaliza, alikuwa pia waziri wa kazi. Mfanyakazi wa mkonge aliyekuwa na shauri dhidi ya serikali alipaswa kulipeleka kwa waziri huyohuyo akiwa amevaa kofia nyingine. Msumbiji huru nayo iliunda mabaraza ya uzalishaji mwaka 1976, kisha OTM, chama cha wafanyakazi cha nchi nzima, mwaka 1983, na kwa miaka yake ya mwanzo kilikuwa mkono wa chama tawala. Nia ilielezwa vizuri kila mahali. Lakini mwanachama hakuwa na pengine pa kwenda, na pale asipokuwa na pengine pa kwenda, kiongozi hana sababu ya kumwogopa.

Tuje kwenu. Mwaka 2010 gesi iligunduliwa baharini mbele ya Palma. Mwaka 2019 uamuzi wa kuwekeza ulipitishwa, mradi wa takriban dola bilioni 20, na kampuni ya Ufaransa, Total, ikawa kiongozi wake. Watu wa Quitupo walihamishwa kwenda kijiji kipya cha Quitunda. Wavuvi waliozoea kusikia maji ya bahari wakiwa vitandani wakajikuta mbali nayo. Vita vya waasi vilivyoanza Mocímboa da Praia Oktoba 2017 vikafika Palma tarehe 24 Machi 2021, na mwezi uliofuata kazi zikasimama. Zilikaa hivyo zaidi ya miaka minne, mpaka mwishoni mwa 2025 kampuni ilipotangaza kwamba zuio limeondolewa. Kazi zinarudi, na pamoja nazo wanarudi madalali wa kazi.

Malalamiko ya pwani mnayajua kuliko mimi: kwamba kazi nzuri hupewa waliotoka Maputo, kwamba orodha ya majina hupita mikononi mwa wakubwa wa kijiji na wa wilaya, kwamba mtu huombwa kitu kidogo ili jina lake lisipotee. Dai la kwanza ni la haki, na linapaswa kupelekwa mbele bila woga, kupitia chama cha wafanyakazi, kupitia sheria ya kazi ya nchi, kupitia kamati zenu wenyewe. Lakini orodha hiyo, ndugu zangu, ni mizani. Anayeishika ana uwezo uleule aliokuwa nao karani wa pamba na mwenyekiti wa chumvi. Kama ni mtu mmoja, kama haibandikwi ukutani, kama hakuna njia nyingine ya kufikia kazi ila kwake, basi hata awe mjomba wako, hata awe ndiye aliyekuokoa siku ya Palma, atalewa nayo.

Kwa hiyo mkiunda kamati, undeni kwa masharti. Ada isomwe kila mwezi mbele ya watu, ikiwemo mbele ya wanawake, ambao ndio walioona kwanza kwamba kibaba hakijajaa. Anayesimamia fedha asiwe yule anayesimamia majina. Kiongozi awe na muda, na muda ukiisha atoke hata kama bado tunampenda. Na akisimama kujibu swali la hesabu kwa kutaja Wamakonde, Wamwani, Wamakua au watu wa kusini, mwacheni amalize, kisha mrudisheni kwenye hesabu.

Siku mkutano wa kwanza utakapoitwa, nendeni. Kaeni mbele. Msinyanyuke kabla daftari halijasomwa.